Vimkate vya Hemu vya Msiba wa Tjaden

Jumatatu ya Pasaka, kabla Ardith Folkerts hajamaliza kuosha vyombo vya sikukuu, simu ya ukutani ililia. Aliyepiga alikuwa mwenyekiti wa akina mama wa kanisa. Mzee Merle Tjaden, jirani wa ng'ambo ya daraja, amefariki. Mazishi ni Jumatano, na baada ya mazishi watu watakula kanisani.

"Wewe tuletee vile vimkate vya hemu," mwenyekiti akasema. "Vya mama mkwe wako. Merle alikuwa anavipenda mno."

"Haya, nitavitengeneza."

"Hulda si yupo hapo? Mwambie akusimamie."

Ardith akarudisha simu mahali pake, akaegemeza paji la uso ukutani.

"Nani kafa?" Hulda akauliza kutoka kwenye kiti chake cha dirishani.

"Merle Tjaden, Mama."

"Maskini Merle. Mtu mzuri, ila trekta lake lilikuwa na kelele." Akageuka kutoka dirishani. "Wanataka vimkate?"

"Wanataka vimkate."

"Basi usitie biskuti nyingi kama mwaka jana."

Huku Iowa Pasaka haipiti bila hemu mezani, paja zima la nguruwe lililotiwa chumvi na kufukizwa moshi, na paja hilo siku zote huwa kubwa kuliko familia. Linalobaki husagwa, likachanganywa na nyama mbichi ya nguruwe, mayai, maziwa na biskuti za chumvi zilizopondwa. Wengi hulifanya mkate mmoja mkubwa, wakaukata vipande. Hulda hakuwahi. Yeye alifinyanga vimkate vidogo, kila mlaji na chake, akavipaka rojo la sukari ya kahawia, siki na haradali tena na tena vikiwa ndani ya oveni, mpaka ving'ae kama viatu vya Jumapili. Mji mzima wa Ostfeld ulivijua.

Ila jiko sasa lilikuwa la Ardith. Zamani, kweli, lilikuwa la Hulda. Aliingia nyumba ile akiwa bibi harusi, akawapikia humo wavunaji na kuwalea humo watoto. Mwanawe Delmar alipomwoa Ardith na kushika shamba, Hulda na mzee wake walihamia mjini, na Ardith akaachiwa nyumba. Akang'oa makabati ya zamani, akaweka meza mpya ndefu ya ukutani yenye uso wa plastiki, na oveni akaihamishia upande wa pili. Miaka ikaenda. Mzee akafa. Kisha majira haya ya baridi Hulda aliteleza kwenye barafu nje ya posta, akavunjika nyonga, na Delmar akamleta nyumbani "kwa muda tu, mpaka apone." Theluji ilikuwa imeshayeyuka, mashamba yamekuwa tope, na Hulda bado alikuwa pale dirishani na mkongojo wake. Kila asubuhi alifungua droo ya vitambaa akitafuta vijiko, kisha akasema, "Aa, kumbe umevihamisha," kana kwamba vilihamishwa jana usiku.

Jumanne asubuhi Ardith alifungua jokofu. Hemu aliyoiacha imefunikwa kwa karatasi ilikuwa imekonda.

"Delmar!"

Mumewe akatokea mlangoni na buti za tope mikononi. "Nini?"

"Hemu iko wapi?"

"Si hiyo hapo."

"Huu ni mfupa."

"Una nyama pembeni."

"Una nyama pembeni! Nilikwambia usiiguse."

"Uliniambia nisiguse pai."

"Nilikwambia usiguse hemu na pai."

"Basi mimi nilisikia pai," Delmar akasema. "Halafu alikuja fundi wa trekta. Ningempa nini, majani?"

"Baba yake naye alikuwa hivyo hivyo," Hulda akatia neno. "Mimi hemu yangu nilikuwa naificha kwenye ndoo ya viazi."

Delmar akavaa kofia, akatoka haraka kuliko alivyoingia. Ardith hakuwa na la kufanya ila kuchukua gari la mizigo, akaenda buchani mjini kuongeza hemu na kununua nyama mbichi. Barabara ya changarawe ilikuwa imelainika kwa mvua, gari likawa linacheza huku na huku, na kila kipande cha tope kilichopiga chini ya gari alikisikia kama kofi. Aliporudi jua lilikuwa juu na hata kitunguu hakijakatwa.

Akaitoa mashine ya umeme ya kusagia.

"Hiyo inatoa uji," Hulda akasema.

"Nitaiendesha kidogo kidogo, Mama."

"Endesha utakavyo. Inatoa uji."

Ardith akabonyeza kidogo, akaacha, akabonyeza tena. Akafungua kifuniko. Ulikuwa uji, wa rangi ya waridi, umeganda ukutani mwa jagi. Hulda aligeuza tu uso akaangalia nje, na kimya chake kilimkera Ardith kuliko maneno.

Akashuka chini ya nyumba, akapekua masanduku mpaka akakipata kinu cha zamani cha Hulda, cha chuma, cha kusagia nyama kwa mkono, kizito kama jiwe. Alipokileta jikoni akakuta skrubu yake haishiki meza mpya, kwa sababu ukingo wake ni mnene. Akajaribu meza ya kulia, ikawa hivyo hivyo. Akajaribu rafu ya ghala la vyakula, na rafu ikaanza kung'oka pamoja na chupa za matango.

"Ubao wangu wa zamani kilikuwa kinaung'ang'ania kama kupe," Hulda akasema.

"Ubao wako wa zamani uliliwa na mchwa, Mama."

"Upande mmoja tu."

Mwishowe kinu kilishika kwenye stuli ya kukamulia ng'ombe. Ardith akaisafisha, akaiweka sakafuni, akapiga magoti na kusaga hemu yote katika hali hiyo, nywele zinamwangukia machoni na jasho linamtiririka shingoni. Juu yake sauti ya Hulda ikaendelea, ya upole, isiyochoka. Kata vipande vidogo zaidi. Mafuta usiyatupe yote. Maziwa yasiwe baridi. Yai moja zaidi, haya mayai ya siku hizi ni madogo. Kila neno lilikuwa la kweli, au karibu na kweli, na Ardith aliyafuata yote huku meno yameumana.

Akafinyanga. Trei ya kwanza ikajaa, na ya pili. Vimkate vililala safu kwa safu, na kwa mara ya kwanza siku ile akajisikia nafuu. Simu ikalia tena. Mwenyekiti alitaka kujua kama Ardith anaweza pia kuleta birika kubwa la kahawa, maana lile la kanisa limevuja, tena fulani hataki kukaa meza moja na fulani. Ardith akasikiliza, akaitikia, akasikiliza tena.

Aliporudi jikoni, Hulda alikuwa amesimama mezani. Mkongojo ameuegemeza kwenye kiti. Mikono yake, inayotetemeka hata akishika kikombe, ilikuwa ndani ya trei ya kwanza. Nusu nzima ya vimkate alikuwa amevibomoa na anavifinyanga upya, kimoja kimoja, na kila alichokimaliza kilikuwa kimepinda kuliko cha mwanzo.

"Mama, unafanya nini?"

"Vilikaa kama viatu," Hulda akasema bila kuinua macho. "Kimkate kinatakiwa kiwe na mgongo. Rojo litateremka vipi kama hakina mgongo?"

Ardith akatazama ile trei. Alikuwa na umri wa miaka hamsini na kitu, ana wajukuu, na aliona machozi ya hasira yanakuja kama mtoto aliyenyang'anywa kitu.

"Vifinyange vyote, basi," akasema. "Vifinyange, uvioke, uvipeleke. Vyako. Jiko lako. Oveni yako. Mimi humu ni mgeni, na nimechoka kukaribishwa."

"Ardith, mwanangu, mimi nimesema tu mgongo..."

"Mgongo!" Ardith akapaza sauti. Akachukua funguo za gari msumarini, mikono imejaa mafuta ya nguruwe, akatoka na mlango wa wavu ukagonga nyuma yake mara mbili.

Hakujua anakwenda wapi. Alitaka tu barabara. Akakanyaga mafuta, akapita ghala la mahindi, akapita zizi, akaipita kona ya malisho kwa mwendo ambao Delmar angeulaani, na kabla hajafika darajani gari liliteleza, likazunguka nusu, likazama kwenye mtaro hadi ekseli. Akaweka rivasi. Magurudumu yakalia, tope likaruka mpaka kwenye kioo. Akaweka gia ya kwanza. Gari likazama zaidi. Akazima injini, akaupiga usukani kwa viganja vyote viwili, na viganja vikaacha alama za mafuta.

Hata kutoroka kumemshinda. Kutoka pale aliliona paa la nyumba yake.

Alikuwa bado amekaa hivyo trekta liliposimama. Aliyeshuka alikuwa Arlo Tjaden, mtoto mkubwa wa marehemu, amevaa koti la kazini na shati jeupe ndani yake.

"Mama Folkerts. Umeumia?"

"Hapana. Pole sana, Arlo. Pole kwa Mzee. Nilitaka kuja kwenu, lakini..." Akaangalia mikono yake. "Nilikuwa natengeneza vimkate vya hemu vya kesho."

Arlo akavua kofia, akajifuta uso. Alionekana hajalala.

"Hemu," akasema.

"Ndiyo."

"Mama Folkerts, nikwambie kitu usinielewe vibaya? Tangu jana asubuhi, kila aliyekuja kutupa pole kaja na hemu. Kila mtu alikuwa na mabaki ya Pasaka. Jokofu limejaa, tumeziweka barazani, tumeziweka kwenye gari la baba. Mke wangu kafungua mlango leo, kaona mtu kashika sahani imefunikwa, kaanza kulia kabla hajaambiwa pole." Akaigeuza kofia mikononi. "Baba angecheka sana. Ndicho kinachoniuma. Namtafuta nimwambie, halafu nakumbuka."

Ardith akacheka, kisha akaona kicheko kinageuka, na wote wawili wakasimama kwenye mtaro ule, mmoja na kofia mkononi na mwingine na mafuta mikononi, wakilia kidogo bila kuangaliana. Kisha Arlo akafunga mnyororo, akalivuta gari, akaligeuza lielekee kule lilikotoka.

"Sasa nikuletee nini kesho?" Ardith akamwuliza dirishani. "Nikikaanga kuku?"

Arlo akafikiri. "Wewe lete tu. Watu wataviulizia." Akapanda trekta lake.

Ardith alipofungua mlango wa jikoni kwake alipokelewa na harufu ya sukari iliyoungua. Moshi wa bluu ulikuwa umetanda chini ya dari. Kiti cha dirishani kilikuwa kitupu.

"Mama!"

"Niko hapa, usipige kelele."

Hulda alikuwa amekaa sakafuni mbele ya oveni, miguu ameinyoosha, kitambaa begani, sufuria ya rojo mapajani na brashi mkononi. Mlango wa oveni ulikuwa wazi. Uso wake ulikuwa mwekundu kwa joto.

"Umeanguka? Umeumia wapi?"

"Sijaanguka. Nilipiga magoti nivipake, nyonga ikakataa kuinuka. Chukua kitambaa haraka, trei ya juu inaungua. Ile siifikii. Ya chini nimeipaka yote."

Ardith akaruka, akaitoa trei ya juu. Vimkate vilikuwa vyeusi mgongoni na chini. Akaitoa ya chini: vilikuwa vimepinda, vingine virefu vingine vifupi, lakini vinang'aa, rojo limevivaa kama kioo. Akazima oveni, akafungua madirisha. Kisha akamshika Hulda chini ya makwapa, akavuta. Hulda akatoa mlio wa maumivu. Akajaribu upande mwingine. Haikuwezekana.

"Acha," Hulda akasema. "Tumngoje Delmar. Atakuja tu, atasikia harufu ya chakula."

Ardith akakaa sakafuni naye, mgongo kwenye kabati. Hasira ilikuwa bado ipo. Ilikuwa imechanganyika na hofu, na hofu ikaifanya iwe kali zaidi.

"Ungeweza kufa hapa, Mama. Nguo ingeshika moto. Ningerudi nikukute hivyo, ningemwambia nini Delmar?"

"Ungemwambia nilikuwa naoka."

"Mimi sitanii."

"Wala mimi." Hulda akaweka brashi ndani ya sufuria. "Mama mkwe wangu alikuwa anakaa pale ninapokaa mimi sasa," akasema. "Dirisha lile lile. Bibi Trientje. Alikuwa anasema Kijerumani tu, ili baba yake Delmar aelewe na mimi nielewe nusu. Mkate wangu mgumu, nusu naelewa. Supu yangu maji, nusu naelewa. Nilimchukia, Ardith. Siku aliyokufa nilioka keki."

Ardith akamgeukia. "Hujawahi kuniambia."

"Nikwambie ili iweje? Niliapa nikiwa mama mkwe nitafunga mdomo wangu. Niliapa kwa Mungu, nikiwa na unga mikononi. Sasa kila nikiufungua, naisikia sauti ya Trientje inatoka, ila kwa lugha yetu."

"Basi usiufungue."

Hulda akamtazama. Ardith naye hakuinamisha macho. Alijua kasema jambo ambalo wake wa wana hawalisemi, tena kwa mwanamke aliyeshindwa hata kuinuka.

"Umenijibu vibaya," Hulda akasema.

"Nimekujibu."

"Hm." Kikongwe akafuta tone la rojo kwenye gauni lake, akalilamba kidoleni, akakunja uso. Alitaka kusema kitu, ilionekana wazi. Akakimeza.

Hivyo ndivyo Delmar alivyowakuta: mama yake na mke wake wamekaa sakafuni kama wasichana wa shule, moshi juu yao, trei mbili za vimkate mezani.

"Mnafanya nini huko chini?"

"Tunapika," Hulda akasema. "Niinue. Na usiguse kitu."

Jioni ile Ardith alikwangua weusi kwenye vimkate vya trei ya juu kwa kisu, akapika rojo jipya, akavipaka tena. Hulda aliketi chumbani na mlango wazi. Mara mbili alikohoa. Ardith alijua kikohozi kile kina maneno ndani yake, lakini hakwenda kuyauliza.

Siku ya mazishi ilinyesha mvua nyembamba. Baada ya kaburini watu waliteremka kwenye ukumbi wa chini wa kanisa, makoti yananuka sufu iliyolowa, na meza ndefu zikajaa. Palikuwa na saladi ya viazi, maharagwe, jeli ya rangi ya kijani yenye karoti ndani, na kila upande hemu: ya vipande, ya kutiwa ndani ya maandazi, ya kuchanganywa na tambi. Katikati vikawekwa vimkate, vilivyonyooka na vilivyopinda.

"Vimkate vya Hulda!" mwenyekiti akapaza sauti, akapiga makofi. "Jamani, mikono ya mtu haizeeki!"

Wanawake wakamzunguka Hulda kwenye kiti chake. Ardith alikuwa nyuma ya birika la kahawa, mita chache tu, na hakuna aliyegeuka. Akabana mpini wa kijiko. Magoti yake yalikuwa bado na alama za sakafu.

"Si vyangu," Hulda akasema.

Mwenyekiti akaacha kupiga makofi.

"Ni vya Ardith. Alivisaga yeye, akavitia kila kitu yeye. Mimi nilivipaka rojo tu." Akakichukua kimoja kwenye sahani ya jirani, akakigeuza chini juu mbele ya watu wote. "Kwanza mnaona huku chini? Vyangu havikuwa vinaungua."

Wanawake wakacheka. Ardith aliiweka ile nusu ya sifa na ile nusu ya dharau kwenye mizani ya moyo wake, na hazikulingana. Akaweka kijiko chini, akaenda nje kwenye ngazi za kanisa, akapumua hewa ya mvua. Kupitia dirisha la chini alimwona Arlo Tjaden amesimama peke yake mwisho wa meza, akiangalia chakula chote kile. Arlo akachukua kimkate kimoja kilichopinda. Akala nusu, akasita. Akala nusu ya pili.

Wakati wa kurudi Delmar aliendesha, na wanawake wawili wakakaa kiti cha nyuma.

"Mama," Ardith akasema walipopita posta, "kuanzia leo utasema kitu kimoja kwa siku kuhusu upishi wangu. Kimoja. Chagua vizuri."

"Kimoja tu?"

"Kimoja."

Delmar kule mbele alikaza macho barabarani kama mtu anayeendesha juu ya mayai. Hulda akafikiri mpaka nyumba za mji zikaisha.

"Na cha leo bado ninacho?"

"Cha leo umekitumia kanisani, mbele ya watu."

"Kile kilikuwa sifa."

"Kilikuwa nusu."

Hulda akageukia kioo cha dirisha, akanuna mpaka wakafika. Ahadi yenyewe ilishikilia Alhamisi, ikayumba Ijumaa, na Jumamosi ilivunjika kabisa juu ya sufuria ya mchuzi, mwanamke mmoja akapiga kelele na mwingine akapiga mkongojo sakafuni. Lakini Ardith alikuwa ameshajifunza kusema, "Mama, toka jikoni," na Hulda, akinung'unika kwa neno moja la Kijerumani la Trientje alilokuwa bado analikumbuka, alikuwa anatoka.